Mshipa, ganzi, kiharusi, kifafa: ukifika mapokezi useme lipi?

Mimi ni nesi hapa Dodoma na muda mwingi nipo mapokezi, na kitu nilichokiona ni kwamba neno la kwanza analotamka ndugu wa mgonjwa pale dirishani linaamua mambo mengi sana, anaenda foleni ipi, anawahishwa au anasubiri, anaonwa na nani. Magonjwa ya tumbo hayana shida, mtu anasema tumbo, anashika tumbo, yameisha. Balaa liko kwenye ubongo na neva, yaani mishipa ya fahamu, huko maneno yetu ya mtaani ni machache alafu kila neno limebeba magonjwa manne matano, mengine wala hayana undugu. Kwaiyo nimeyachukua yale yanayochanganywa zaidi nikayaweka pembeni kwa pembeni, ili siku unamkimbiza mtu usiku ujue lipi linafaa. Msimamo wangu nausema mapema: ukiwa huna uhakika usitaje ugonjwa, taja ulichokiona na saa uliyokiona.

MSHIPA WA DAMU, MSHIPA WA FAHAMU, AU MSHIPA TU

Neno mshipa likikaa peke yake halisaidii chochote. Mzee anatoka Bahi, unamsalimia, shikamoo baba, marahaba mwanangu, unasumbuliwa na nini, "mshipa". Hapo anaweza kumaanisha ngiri, maana wazee wengi ngiri na hata busha wanaita mshipa. Anaweza kumaanisha mishipa ya damu iliyotokeza kwenye kigimbi, anaweza kumaanisha kano iliyovutika akilima, na anaweza kumaanisha neva. Kuna mmoja alishika kalio, akateremsha kiganja nyuma ya paja, kikapita pembeni ya goti mpaka kwenye kifundo, na ile njia aliyochora ndo ilijibu kila kitu, hiyo ni barabara ya neva ya sayatiki, neva nene kuliko zote mwilini, inatokea chini ya mgongo inapita kalioni inashuka mguuni.

Sasa utachaguaje. Ukisema mshipa wa fahamu, au neva, maana yake maumivu yanasafiri kwenye mstari, yanachoma au yanapiga shoti, kuna ganzi au sindanosindano, na mara nyingine nguvu inapungua. Kama yanatoka mgongoni ukikohoa au ukipiga chafya yanazidi. Ukisema mshipa wa damu, tunategemea mguu uliovimba, uliobadilika rangi, wa moto au wa baridi kuliko mwenzake, au unaouma ukitembea na kutulia ukisimama. Kama panauma pale pale unapobonyeza na hapasafiri, mara nyingi ni misuli au kano, sema tu nimeteguka au nimevutika. Na kuna mawili ya kutosubiri kesho: mguu mmoja uliovimba ghafla na kuuma, maana huenda damu imeganda ndani na inaweza kuhamia mapafuni, na mguu uliopauka ukawa wa baridi ghafla, maana damu haifiki.

Wenye sukari wana lao. Ganzi inaanzia vidoleni, miguu yote miwili, inapanda taratibu kama mtu anavaa soksi, na wao wanasema "mishipa imechoka" au "uzee huo". Usiseme hivo, sema nina sukari na miguu ina ganzi, hapo lazima utavuliwa viatu ukaguliwe nyayo, kwa sababu mtu wa hivi anakanyaga msumari asubuhi anaugundua jioni akiona damu kwenye ndala. Na ukiwa na baka kwenye ngozi ambalo ukiligusa halisikii, litaje pia hata kama hukulijia, ukoma unashambulia neva na dawa zake hapa kwetu ni bure.

GANZI, KULEGEA, KUPOOZA, KIHARUSI

"Mkono umekufa." Hii nasikia kila wiki na kila mara narudi kuuliza, hausikii au hausogei? Ganzi ni kutosikia. Kupooza ni kutosogea. Katikati kuna kulegea, yaani unasogea ila nguvu haipo, kikombe kinadondoka, kandambili inavuka mguuni bila mwenyewe kujua. Nyuzi za neva zinazopeleka hisia ubongoni sio zile zinazoleta amri kwenye misuli, ndo maana mtu anaweza kupoteza kimoja akabaki na kingine, na dokta akijua ni kipi anajua aanze kutafuta wapi. Kujaribu nyumbani ni rahisi, mwambie anyooshe mikono yote mbele, viganja juu, afumbe macho, uhesabu mpaka kumi, mkono mmoja ukianza kushuka wenyewe huo umelegea.

Alafu kupooza na kiharusi, hapa ndo pana fujo kabisa. Kupooza ni matokeo, kiharusi ni moja ya sababu zake. Kiharusi kinatokea kichwani, mshipa wa damu wa ubongo umeziba au umepasuka, na kinaweza kuja bila mtu kupooza kabisa, anapoteza maneno tu, au jicho halioni upande mmoja, au anayumba ghafla. Na kupooza nako kunaweza kuja bila kiharusi. Mtu kaanguka na bodaboda, au katoka juu ya mti, miguu yote miwili haisogei, usiseme kiharusi, huyo umizo liko kwenye ugwe wa mgongo, ile kamba ya neva inayopita ndani ya uti, na unavyombeba ni muhimu kuliko unavyosema: alale kwenye kitu kigumu, shingo isicheze, asikunjwe wala asipakiwe bajaji akiwa amekaa.

Mkono na mguu wa upande mmoja vikigoma ghafla, wewe chukulia ni kiharusi mpaka dokta aseme sio. Ubongo wa kushoto unaendesha mwili wa kulia na wa kulia unaendesha kushoto, na kwa watu wengi lugha inakaa kushoto, kwaiyo ukiona upande wa kulia umelala na mzee haongei, hajagoma wala hajanuna. Mwaka 1861 huko Ufaransa dokta Paul Broca alieleza mgonjwa ambaye alichoweza kusema ni "tan" tu, ukimuuliza chochote anajibu tan, na alipofariki wakakuta sehemu ya mbele kushoto ya ubongo imeharibika. Kwaiyo unapotueleza tofautisha: hawezi kutamka, yaani ulimi mzito lakini maneno ni yenyewe, au hapati maneno, au anaongea vizuri tu ila anachosema hakieleweki na haelewi unachomwambia. Ni vitu vitatu tofauti.

Uso ukipinda peke yake mwangalie kwenye paji. Mwambie akunje paji kama anashangaa na afumbe macho kwa nguvu. Paji la upande ulioanguka likigoma na jicho halifumbi, mara nyingi ni neva ya uso yenyewe, inauma roho ila sio kiharusi. Paji likikunjika vizuri ila mdomo umeshuka, hiyo inaelekea kiharusi. Ila isiwe sababu ya kubaki nyumbani mkibishana paji limekunjika au halijakunjika, njooni tubishane hapa.

Swali ambalo lazima utaulizwa ni mara ya mwisho alionekana mzima saa ngapi. Wengi wanajibu "tumemkuta hivi saa kumi na mbili asubuhi", na hilo sio jibu, kama alilala saa tatu usiku akiwa mzima, saa ya kuhesabia ni saa tatu usiku. Dawa ya kuyeyusha damu iliyoziba inatolewa ndani ya masaa manne na nusu tangu dalili zianze, na kabla ya hapo lazima picha ya kichwa, CT-skani, kwa sababu aliyeziba na aliyepasuka ukiwaangalia kitandani wanafanana ila dawa ya mmoja inaweza kumuua mwingine. Ndo maana pia usimpe aspirini njiani, wala uji, kumeza kwenyewe huenda kumevurugika. Na ikija ikapita yenyewe ndani ya dakika kadhaa usishangilie, sema "ilikuja ikaondoka" na mlete siku hiyo hiyo, kubwa linaweza kuwa nyuma yake.

Jamani na "presha imepanda". Presha ni kisababishi kikubwa cha kiharusi, sawa, ila ukifika ukasema presha tu unaweza kuwekwa kwenye benchi la kupima presha na masaa yanaenda.

DEGEDEGE, KIFAFA, KIFAFA CHA MIMBA, PEPOPUNDA, KUZIMIA

Vyote hivi mtaani ni "kaanguka" au "kakakamaa", na tiba zake zinatofautiana kuliko unavyodhani.

Degedege ni neno zuri, litumie, ila kwa mtoto mwenye homa. Lile la kawaida la homa linawapata watoto wa miezi 6 mpaka miaka 5. Ukisema degedege sisi tunaelewa mtoto, homa, sasa hivi, na tunakimbilia kupima malaria na sukari ya damu na kuangalia kama shingo imekaza, kwa sababu malaria iliyopanda kichwani na meninjitisi (homa ya uti wa mgongo) zinakuja na sura hiyo hiyo. Kufukiza na kumpeleka kwa mganga kwanza kunakula muda ambao mtoto hana, nasema hivi bila kumdharau bibi wa mtu yeyote.

Kifafa ni kuanguka kunakojirudia bila homa wala sababu ya papo hapo, angalau mara mbili na kupishana zaidi ya masaa 24. Aliyeanguka mara moja tu kwa kawaida bado sio mgonjwa wa kifafa, na hilo jina ukimpachika linamfuata mpaka kwenye posa. Kwa huyu sema alianguka mara ngapi, tangu lini, na ilianzaje, mkono mmoja au mwili mzima kwa pamoja.

Kifafa cha mimba ndo kinanitia hofu kuliko vyote kwa sababu jina limekopwa tu. Hakihusiani na kifafa kile. Kinampata mjamzito aliyepita wiki 20, na kinaweza kumpata hata wiki za mwanzo baada ya kujifungua, kinatokana na presha ya ujauzito, na dawa yake ni maginesiamu salfeti, sio vidonge vya kifafa. Sasa dada kaletwa amefunikwa khanga, ndugu wanasema "ana kifafa", hakuna aliyesema kajifungua wiki iliyopita. Neno mjamzito au kajifungua juzi litangulie kabla ya neno lolote. Na kabla hajafika huko kawaida kunakuwa na kichwa kikali, macho kuona vimulimuli au ukungu, maumivu juu ya tumbo chini ya mbavu, hapo hapo mlete, usingoje aanguke.

Pepopunda na kifafa tunavitenganisha kwa fahamu za mgonjwa. Wa kifafa cha mwili mzima hajui kinachoendelea na akiamka hakumbuki. Wa pepopunda taya limefunga, mgongo umekaza, mlango ukigongwa tu anakakamaa, lakini anakusikia na anaelewa kila kitu. Tafuta kidonda, msumari, mwiba, jembe, na kwa kichanga tafuta kitovu, yule aliyekuwa ananyonya vizuri akaacha ghafla.

Kuzimia ni kwepesi. Alisimama muda mrefu juani, au aliona damu, akasikia kizunguzungu, akapauka, akadondoka, ukimlaza anarudi ndani ya dakika na anajua yuko wapi. Wa kifafa mara nyingi anakakamaa na kurusha viungo, anajing'ata ulimi pembeni, anaweza kujikojolea, na akitulia anabaki amevurugika kwa muda, anataka kulala. Hizo alama ndo zinatusaidia, sio jina.

Na wakulima wa zabibu na alizeti, kama mtu katoka kupiga dawa shambani akaanza kutetemeka, jasho, mate yanamwagika, mboni za macho zimekuwa ndogo kama tundu la sindano, usiseme kifafa. Zipo dawa za wadudu zinazovuruga mawasiliano ya neva na misuli na zina kiuasumu chake hospitali. Njoo na chupa au pakiti, mvue zile nguo.

Yeyote anayeanguka, mlaze ubavu, toa mawe na mafiga karibu (watu wanaungua vibaya sana jikoni kwa sababu hii), angalia saa. Kijiko mdomoni hapana, maji hapana, kumkalia hapana. Ikipita dakika 5 au zikifuatana bila kuamka, ni dharura. Povu halimwambukizi mtu kifafa, mguse tu.

Kitu kingine kinachonikera kidogo ni "kitimoto inaleta kifafa", hapa Dodoma ambapo kitimoto inaliwa kama hakuna kesho. Kuna ukweli ila umepinda. Nyama yenye viluwiluwi vya tegu isiyoiva inakupa mnyoo tumboni, basi. Kinachopanda kichwani ni mayai ya tegu yanayotoka kwenye kinyesi cha mtu mwenye huo mnyoo, yanaingia kwako kwa mikono michafu, maji au kachumbari, viluwiluwi vinatengeneza vifuko kwenye ubongo na hivyo ndo vinaleta kifafa. Kwaiyo hata asiyegusa nguruwe maisha yake yote anaweza kupata. Huko Mbulu, mkoani Manyara, watafiti wameufuatilia sana ugonjwa huu.

UTI WA MGONGO, NA UTI ILE NYINGINE

Watu wakiandika "nina uti" kwenye grupu najua nusu yao wana mkojo unaochoma. Hiyo ni UTI, kifupi cha kizungu cha maambukizi ya njia ya mkojo, haina uhusiano na mgongo hata kidogo.

Kwenye mgongo kwenyewe tenganisha vitatu. Uti wa mgongo ni mifupa, zile pingili. Ugwe wa mgongo ni kamba ya neva iliyo ndani yake, inatoa jozi 31 za neva kwenda mwilini. Homa ya uti wa mgongo ni meninjitisi, na pamoja na jina lake iko kwenye utando unaofunika ubongo na ugwe, wala mgongo sio lazima uume. Ukija na homa, kichwa kikali, shingo haikunjiki, mwanga unaumiza macho, sema hayo manne. Ukija kwa kubeba gunia, sema mgongo unauma. Ila mgongo unaouma pamoja na kushindwa kukojoa, au ganzi katikati ya mapaja pale unapokalia, hiyo sio ya kuchua na mafuta, ni ya leo.

Sindano ya mgongo, ile ya kuchukua maji ya kupima, wengi wanaikataa wakiamini inapooza. Kwa mtu mzima ugwe unaishia usawa wa pingili ya kwanza au ya pili ya kiuno, na sindano inachomwa chini ya hapo ambapo kuna maji na nyuzi za neva zinazoelea. Haichomi ugwe.

KICHAA, KUCHANGANYIKIWA, KUSAHAU

Kwa Dodoma hii ukiambiwa nenda Mirembe, hospitali ya magonjwa ya akili, mtaa mzima unajua kabla hujapanda daladala. Watu wanakataa rufaa kwa ajili ya jina. Ila ujue kliniki nyingi za kifafa nchini ziko chini ya kitengo cha afya ya akili, kwaiyo mtoto wako wa kifafa akitumwa kwenye kliniki ya akili hajaitwa kichaa, anafuata dawa.

Neno la kuchagua hapa linategemea muda. Ndani ya masaa au siku mbili tatu mtu aliyekuwa mzima anaongea vitu havieleweki, mara anasinzia mara anafurukuta, anadhani ni usiku wakati ni mchana, sema amechanganyikiwa ghafla, usiseme kachizika. Huyo mwili unaumwa: malaria, meninjitisi, sukari kushuka, pombe kukatishwa ghafla, maambukizi ya mkojo kwa wazee. Akitangulizwa kwa wa akili kabla ya kupimwa tunapoteza muda. Anayesikia sauti au kuamini anafuatiliwa, ila yuko macho na anajua leo siku gani, huyo ndo wa daktari wa akili kwanza. Na bibi anayesahau polepole kwa miezi na miaka, anaweka chumvi mara tatu, anapotea njia ya sokoni Majengo aliyoipita maisha yake yote, sema kusahau kunakoongezeka, ni dimensia hadi ipimwe, sio uchawi.

Kichaa cha mbwa hakimo humu kabisa. Ni virusi. Uking'atwa, osha kidonda kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15 na uje kwa chanjo siku hiyo, kwa sababu dalili zikishaanza karibu hakuna anayepona.

CT-SKANI, MRI, EEG

"Tunataka picha ya kichwa." Haya. CT-skani inatumia mionzi, dakika chache, inaona damu na mfupa uliovunjika, kwaiyo ajali na kiharusi inaanza hiyo. MRI inatumia sumaku, unalala ndani ya bomba lenye kelele nusu saa hivi, inaona ugwe, neva na uvimbe mdogo vizuri zaidi, na lazima useme kama una chuma mwilini au betri ya moyo. Usidhani MRI ndo bora kwa kila kitu kwa sababu bei imechangamka. EEG sio picha, inasoma umeme wa ubongo kwa waya zinazobandikwa kichwani, haiumi, na ni ya kifafa.

Ila EEG inaweza kutoka safi kabisa kwa mtu mwenye kifafa, kama siku hiyo ubongo ulitulia. Ndo maana video ya simu inatusaidia sana. Mmoja amlaze ubavu, mwingine arekodi, aanze usoni, macho yanaelekea wapi, kisha mikono na miguu, asikate mpaka mgonjwa aamke na aongee. Alafu video ije kwa dokta tu, sio kwenye grupu la ukoo.